Hata "wherefore" ilikuwa tafsiri

Tangu Bunge la Tanzania lipitishe Sheria ya Marekebisho ya Sheria Mbalimbali Na. 1 ya mwaka 2021, Kiswahili ndiyo lugha ya sheria na ndiyo lugha ya kutolea haki mahakamani na kwenye mabaraza. Kiingereza kimeachiwa mlango wa pembeni, unaofunguliwa pale tu maslahi ya haki yanapodai hivyo. Kazi ya kutafsiri sheria imeendelea tangu hapo, na sambamba nayo umeendelea mjadala ambao kila ukianza huishia palepale: kwamba Kiingereza cha mahakamani kina uzito ambao Kiswahili hakiwezi kuubeba. Ukiuliza uzito huo umekaa wapi, aghalabu utatajiwa maneno ya kale ambayo hata Waingereza wenyewe hawayasemi sokoni wala nyumbani: "hereby", "thereof", "whereas", na lile linalosimama kwa herufi kubwa mwishoni mwa hati ya madai, "WHEREFORE".

Nimelishika hilo la mwisho kwa sababu mjadala wote unaonekana ndani yake. Watu hulidhania kuwa istilahi ya sheria, na silo. Hulidhania halitafsiriki, ilhali lenyewe liliingia mahakamani likiwa tafsiri. Hudhani Kiswahili hakina mwenzake, wakati kinao kadhaa, na wawili kati yao wamejengwa kwa namna ileile, kipande kwa kipande. Tunachopaswa kukivusha kutoka Kiingereza ni kazi ya neno hilo katika hati, yaani kulifunga ombi kwenye sababu zake. Hati isiyoifanya kazi hiyo ni mbovu kwa lugha yoyote, hata ikipambwa kwa maneno ya karne ya 13.

Tuanze na neno lenyewe. Limeundwa kwa vipande viwili, "where" na "for", na linaonekana katika maandishi ya Kiingereza tangu karibu mwaka 1200. "For" ni kwa, au kwa ajili ya. Kinachopotosha watu ni "where", ambayo leo kila mwanafunzi wa darasa la tatu anajua kuwa ni "wapi". Lakini Kiingereza cha zamani, kama ndugu zake wa Ulaya ya kaskazini, kilikuwa na desturi ya kulitwaa neno la mahali na kulifanya lisimame badala ya kitu. "Whereby" ni kwa njia ambayo, "wherein" ni ndani ya nini, "thereof" ni ya hicho, "hereby" ni kwa hili. Katika ukoo huo, "wherefore" ni kwa nini, na pacha wake "therefore" ni kwa hiyo. Mtoto wa Stockholm anayemsumbua mama yake kwa maswali husema "varför", na wa Copenhagen husema "hvorfor". Ni neno hilohilo, vipande vilevile, na hakuna anayedhani mtoto huyo anazungumza lugha ya mawakili. Mjerumani na Mholanzi nao huuliza "warum" na "waarom", mahali palepale pakiwa pameungwa na kiambishi kingine. Kiingereza ndicho kilicholiacha neno lake lipoe. "Why" ilichukua nafasi mitaani, "wherefore" ikabaki katika Biblia, jukwaani na kwenye makaratasi ya mahakama. Kubaki huko ndiko kulikolipa sura ya utukufu.

Jinsi lilivyosahaulika kunaonekana vizuri katika mstari mmoja ambao karibu kila aliyepita shule anaujua. Katika tamthilia ya Shakespeare iliyochapwa mara ya kwanza mwaka 1597, Juliet amesimama dirishani usiku, hajui kwamba Romeo yuko chini bustanini akimsikia, naye anauliza: "Wherefore art thou Romeo?" Watu wengi, wakiwemo Waingereza, husikia msichana anayemtafuta mpenzi wake gizani: uko wapi, Romeo? Hata wachekeshaji huigiza hivyo, mkono juu ya macho, shingo nje. Lakini sikiliza anachokisema mara baada ya hapo. Anamwambia amkane baba yake na alikatae jina lake, kisha anauliza jina lina nini, na kwamba waridi ukiliita vinginevyo litanukia vilevile. Swali la mahali halizai maneno hayo. Analouliza Juliet ni kwa nini uwe Romeo, kwa nini katika vijana wote wa Verona niliyempenda awe mwana wa nyumba inayochukiwa na nyumba yetu. Ukikosea neno moja dogo, hotuba nzima inakatika kiuno: sentensi ya kwanza inaulizia mahali, za pili na za tatu zinalalamikia jina, na hakuna kinachoziunganisha. Ndiyo maana nasema neno hili ni bawaba. Hulioni mlango unapofunguka, unaliona linapong'oka.

Kwa Mswahili, safari hii ya kutoka mahali hadi sababu haipaswi kuwa ngeni hata kidogo, kwa kuwa tunaisafiri kila siku bila kujua. Tuna kiambishi "-po", ambacho asili yake ni mahali: hapa, hapo, alipo, nyumbani pake. Kutoka mahali kikaingia kwenye wakati: alipofika, nilipokuwa mdogo. Kutoka wakati kikaingia kwenye sharti na sababu: usipolipa utashtakiwa, ndipo nikakasirika. Hatimaye kikatoa "ndiposa", neno ambalo Mkenya hulitumia leo kwa maana ya "ndiyo sababu" bila kuwaza kwamba ndani yake kuna mahali. Mtanzania akilisikia huliona la Kikenya au la kanisani. Mimi naliona ni neno zuri, fupi, lenye mlio wa uamuzi, na ningependa lirudi kwetu.

Na kama kuna mtu anayetaka kumwona pacha halisi wa "wherefore" katika Kiswahili, amtazame "kwani". Ukisema "Kwani hukuja?" umeuliza sababu. Ukisema "Sikuja kwani niliumwa" umetoa sababu. Neno moja, upande huu linauliza, upande ule linajibu. "Wherefore" ilikuwa hivyohivyo: mwanzoni mwa swali ilimaanisha kwa nini, mwanzoni mwa hitimisho ilimaanisha kwa sababu hiyo. Kiingereza kilikuwa na jingine la aina hiyo, "for why", lililoanza kama swali kisha likawa "kwa maana". Limehifadhiwa katika Zaburi ya 100 iliyotungwa kuwa wimbo na kuchapishwa mwaka 1561, ambayo inaimbwa hadi leo katika makanisa ya Kiprotestanti. Ubeti wake wa mwisho unaanza na maneno hayo mawili, na wachapaji wengi wa baadaye, wasijue tena maana yake, waliweka alama ya kuuliza mahali ambapo mtunzi alikuwa anatoa sababu ya kumsifu Mungu. Lugha hufanya hivi kwa kuwa swali la sababu na jibu lake ni pande mbili za kitu kimoja. Anayeuliza kwa nini anaacha nafasi, na anayesema kwa hiyo anaijaza.

Watafsiri wa Biblia waliliona hilo zamani. Katika tafsiri ya Kiingereza ya mwaka 1611, Yesu anamkamata Petro anayezama na kumuuliza, "wherefore didst thou doubt?" Biblia yetu ya Union inasema: "Ewe mwenye imani haba, mbona uliona shaka?" Mbona! Si kwa nini kavu ya mtihani, ni "mbona" yenye mshangao na lawama ya mtu anayekupenda, na hakuna Mwingereza wa leo anayeweza kuirudisha kwa neno moja. Lakini katika Mathayo 7:20, ambako "wherefore" ni ya kuhitimisha, Biblia hiyohiyo inasema: "Ndiposa kwa matunda yao mtawatambua." Neno moja la Kiingereza limegawanywa mara mbili kwa Kiswahili, kila kazi ikapewa neno linaloifaa. Mtafsiri aliangalia neno linafanya nini mahali lilipo, hakuliuliza linafanana na nini. Mwalimu Nyerere naye alipomgeuza Julius Caesar kuwa Kiswahili, tafsiri ikachapishwa mwaka 1963, onyesho la kwanza tu lilimkabidhi neno hilo: Marullus anawakemea mafundi walioacha kazi kwenda kumshangilia Kaisari, na kemeo lake linaanza na "wherefore". Kiswahili kilipita hapo bila kujikwaa, miaka karibu 60 kabla ya Bunge kukipa hadhi ya kisheria.

Sasa twende mahakamani, kwa kuwa huko ndiko hoja ya uzito inakodaiwa kuishi. Baada ya Wanormani kuitwaa England mwaka 1066, Kiingereza kilikuwa lugha ya watawaliwa. Mahakama zilizungumza Kifaransa na kuandika kumbukumbu kwa Kilatini. Mwaka 1362, chini ya Edward wa Tatu, ilipitishwa sheria iliyosema mashauri yasemwe kwa Kiingereza kwa kuwa watu hawakijui Kifaransa, na sheria hiyo yenyewe iliandikwa kwa Kifaransa. Kumbukumbu ziliendelea kuwa za Kilatini. Mwaka 1650, mfalme akiwa ameshakatwa kichwa, Bunge liliamuru vitabu vya sheria viwe kwa Kiingereza. Ufalme uliporudi mwaka 1660, Kilatini kikarudi nao. Ni mpaka sheria ya mwaka 1730, iliyoanza kutumika tarehe 25 Machi 1733, ndipo mahakama za England zilipolazimika kuandika kwa lugha ya watu wao. Tangu 1362 hadi 1733 ni miaka 371. Anayelalamika kwamba Tanzania inakwenda polepole au inakwenda haraka mno azikumbuke tarehe hizo.

Katika hati hizo za Kilatini, mdaiwa alipokwisha kujieleza alifunga kwa maneno "unde petit judicium". "Unde" kwa Kilatini ni "kutoka wapi", neno la mahali tena, lililogeuka kuwa la sababu: kutokana na hayo, anaomba hukumu. Waliotafsiri wakaandika kwa Kiingereza "wherefore he prays judgment". Hapo ndipo lilipotokea lile "WHEREFORE the plaintiff prays", yaani kwa hiyo mdai anaomba, ambalo wakili wa Dar es Salaam au Mombasa hulichapa hadi leo. Hakuna jaji aliyelibuni, hakuna Bunge lililoliweka. Mtafsiri alikutana na neno la Kilatini, akatafuta katika lugha ya mama yake neno la kawaida la wakati huo lenye kazi ileile, akaliandika. Leo tunaambiwa kwamba neno hilo haligusiki, na wanaotuambia hivyo wanalinda kwa bidii matunda ya kazi ileile wanayosema haiwezekani.

Zamani zile hoja zilikuwa hizihizi. Jaji Mkuu Raymond aliupinga muswada wa 1730 katika Baraza la Malodi, akisema kwamba mkiruhusu Kiingereza leo, kesho mtaombwa muitafsiri sheria kwa Kiwelshi, kwa sababu Wales wapo wengi wasiojua Kiingereza. Alidhani ametoa mfano wa upuuzi. Miaka zaidi ya 30 baadaye, William Blackstone, mwanasheria aliyesomwa kuliko wote katika karne hiyo, aliandika kwamba mabadiliko yale hayakuwasaidia wananchi, kwa kuwa walibaki hawaijui sheria kama mwanzo, na kwamba Kiingereza kilirefusha hati na kuongeza gharama za mashauri.

Hoja hii ya Blackstone naiheshimu kuliko ile ya Raymond, na inatugusa. Ni kweli kwamba kubadili lugha hakumfanyi mtu awe mwanasheria. Mkulima wa Kilosa akipewa Sheria ya Ardhi kwa Kiswahili fasaha bado atahitaji mtu wa kumweleza tofauti ya hakimiliki ya kimila na hati ya kumilikishwa. Lakini Blackstone alipima kitu kisicho sahihi. Lengo la kuandika kwa lugha ya mwenye kesi si kumwondoa wakili, ni kumwezesha mwenye kesi kujua wakili wake amesema nini kwa niaba yake. Hilo ni jambo dogo kuliko kuijua sheria, na ni kubwa zaidi, maana hati ya madai inathibitishwa kwa saini ya mdai mwenyewe. Amri ya VI ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inamtaka athibitishe yaliyomo: haya nayajua mwenyewe, haya nimeambiwa na ninaamini ni kweli. Mtu anathibitisha vipi asichokisoma?

Wanaotaka Kiingereza kibaki wana hoja nyingine, na ndiyo iliyo na nguvu kuliko zote. Maamuzi ya mahakama zetu za juu kwa miongo mingi yameandikwa kwa Kiingereza, vyuo vinafundisha sheria kwa Kiingereza, na kuna maneno ambayo maana yake haiko katika kamusi bali imejengwa na kesi moja juu ya nyingine. Ukilitafsiri neno la namna hiyo vibaya umebomoa nyumba ambayo wengine wameishi ndani yake miaka mia. Hapo nakubali kabisa. Istilahi zinahitaji uangalifu, mikutano mirefu, na wakati mwingine unyenyekevu wa kuliacha neno la kigeni lilivyo mpaka letu likomae. Hata Waingereza walifanya hivyo: mara baada ya sheria ya 1730 kuanza kutumika walipitisha nyingine iliyoruhusu maneno ya kitaalamu yabaki kwa Kilatini, na ndiyo maana hadi leo dunia nzima inasema "habeas corpus", ile amri ya kumleta aliyezuiliwa mbele ya mahakama. Lakini tazama walichokiacha na walichokitafsiri. "Habeas corpus" ilibaki. "Unde" ikawa "wherefore". Istilahi waliziweka kando, viungo, yaani maneno ya kuunganishia hoja, wakavitafsiri siku ileile bila mjadala, kwa kuwa kiungo hakina kesi nyuma yake. Jaji haketi kuamua kama mdai ameshindwa kwa sababu ameandika "kwa hiyo" badala ya "wherefore". Anachokitafuta kimeandikwa katika Amri ya VII, Kanuni ya 1: mambo yanayounda chanzo cha madai na lini yalitokea, na nafuu ambayo mdai anaiomba. Kanuni ya 11 inasema hati isiyoonyesha chanzo cha madai itakataliwa. Neno "wherefore" halitajwi kama sharti popote hapo. Kinachotakiwa ni kilichomo juu yake na kilichomo chini yake, na uhusiano kati ya viwili hivyo.

Kwa hiyo hoja dhaifu kuliko zote ni ile inayosikika zaidi, kwamba Kiswahili hakina maneno ya kujengea hoja nzito. Anayeisema afungue ukurasa wa kwanza wa Katiba ya Jamhuri ya Muungano ya mwaka 1977. Utangulizi unaanza "KWA KUWA SISI, Wananchi wa Jamhuri ya Muungano wa Tanzania", unaendelea na "kwa kuwa" ya pili, kisha unafunga na "KWA HIYO, BASI, KATIBA HII IMETUNGWA". Hiyo ndiyo "whereas" na "therefore" katika hati kubwa kuliko zote nchini, na Kiswahili hakikutetereka. Tazama pia ufundi uliomo: sababu na hitimisho vinaanza kwa kiungo kimoja, "kwa". Kwa kuwa, kwa hiyo, kwa nini, kwani. Ukiondoa Waskandinavia, sijui wazungumzaji wengi walio na mfumo ulio wazi namna hii. Mwingereza wa leo lazima afundishwe kwamba "where" ndani ya "wherefore" si mahali. Mswahili hahitaji kufundishwa kwamba "kwa hiyo" inaitikia "kwa nini", anaisikia.

Upande wa pili nao una makosa yake, na nisipoyasema nitakuwa nimependelea. Wapo wanaofurahia Kiswahili mahakamani kwa sababu wanadhani sasa tunaweza kuyafyeka maneno haya yote na kuandika kama tunavyoandikiana ujumbe wa simu. Nimesoma hati moja ya namna hiyo. Ilieleza mkopo, ilieleza ugomvi, ilieleza ugonjwa wa mdai, kisha ghafla ikadai milioni kadhaa na gharama za kesi. Hapakuwa na "kwa hiyo", na tatizo halikuwa neno kukosekana. Mwandishi alikuwa hajajiuliza ni lipi kati ya mambo aliyoyaeleza linalozaa deni. Angelazimika kuandika "kwa hiyo" angelazimika pia kutazama nyuma na kuona kwamba nusu ya hadithi yake haihusiki, na kwamba tarehe ya kulipa, ambayo ndiyo uti wa mgongo wa dai, haimo. Waingereza walipoandika upya kanuni zao za madai, zikaanza kutumika tarehe 26 Aprili 1999, waliacha hata neno "plaintiff" wakaweka "claimant" ili raia aelewe. Hawakuacha kumtaka mdai aseme mambo yake na nafuu anayoitaka. Waliuvua mlango rangi, bawaba wakaziacha.

Na kuna kosa la tatu ambalo naliogopa kuliko hayo mawili, kwa kuwa linafanywa na watu wenye nia njema. Ni la mtafsiri anayeliona "wherefore", akakumbuka "where", akaandika "ambapo kwa ajili ya hayo". Au anayetunga chombo kipya kirefu, "kutokana na hayo yaliyotajwa hapo juu na kwa minajili hiyo", ili tu hati isikike nzito kama ya Kiingereza. Tukienda njia hiyo tutakuwa tumemvisha mwananchi kanzu nyingine asiyoweza kutembea nayo, safari hii imeshonwa kwetu. Kazi ya Baraza la Kiswahili la Taifa (BAKITA), ya vyuo vya sheria na ya waandishi wa sheria serikalini ingekuwa nyepesi zaidi wakitenganisha tangu mwanzo mafungu mawili: istilahi, ambazo zijadiliwe moja moja kwa subira, na viungo, ambavyo vichukuliwe kama vilivyo kinywani mwa watu. Mwanafunzi wa sheria afundishwe kuandika aya za mambo yaliyotokea, kisha "kwa hiyo", kisha ombi. Na mwalimu amrudishie karatasi kila ombi litakapokosa aya inayolizaa. Zoezi hilo haliwezi kufanywa vizuri kwa neno ambalo mwanafunzi analiandika kwa kuiga. Majaji wameshaonyesha kwamba inawezekana: uamuzi alioutoa Zephrine Galeba kwa Kiswahili akiwa Jaji wa Mahakama Kuu Musoma ulitajwa mbele ya taifa zima Siku ya Sheria, tarehe 1 Februari 2021, siku aliyoteuliwa kuwa Jaji wa Mahakama ya Rufani.

Mimi nililijua neno hili kupitia kwa mjomba wangu, miaka kadhaa kabla ya sheria ya 2021. Alikuwa na kesi ya shamba, na wakili wake alikuwa amemwandalia hati ya madai ya kurasa nne, kwa Kiingereza, ambayo mjomba alikwisha kuitia saini. Alinipa niisome tukiwa tumekaa barazani. Akaweka kidole kwenye lile neno la herufi kubwa katika ukurasa wa mwisho. "Mpwa wangu, hili mbona kubwa kuliko jina langu? Ndilo kesi yenyewe?" Nikamwambia maana yake ni "kwa hiyo", kwamba yote yaliyo juu ni sababu, na yote yaliyo chini ni unachoomba. Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Kwa hiyo? Basi nisomee ya juu."

Nikamsomea, aya moja moja, nikiigeuza kwa Kiswahili. Tulipofika aya ya saba, iliyoeleza mpaka wa shamba upande wa mashariki, alinishika mkono. Hati ilisema mpaka unaanzia kwenye mwembe. "Mwembe ule ni wa jirani," akasema. "Mpaka wangu ni mkorosho, hatua arobaini huku." Kesho yake asubuhi alikwenda kwa wakili kuomba hati ibadilishwe kabla haijasikilizwa.